Zuio la Muda Kwenye Malisho: Lini Rufaa Hubaki Haina Kazi

Kipeperushi cha ugani kwa kaya za wafugaji wa Musoma, Bunda na Butiama



Mara nyingi vipeperushi vyetu huzungumzia kupe, chanjo na magonjwa. Hiki kinazungumzia ardhi, kwa sababu ng'ombe aliyechanjwa vizuri lakini hana pa kula atakonda vilevile. Kuanzia kandokando ya ziwa huko Musoma, kupita Butiama, hadi vijiji vya Bunda vinavyopakana na Hifadhi ya Taifa Serengeti, mashamba, makazi na malisho vimesogeleana. Ugomvi wa lambo, wa njia ya mifugo au wa eneo la malisho ukifika kwenye Baraza la Ardhi, neno la kwanza mfugaji analolisikia ni "zuio".

Wengi hudhani zuio ndiyo hukumu. Akilipata anaona ameshinda kesi, akilikosa anauza ng'ombe akate rufaa. Wakati anahangaika na rufaa hiyo, shauri jingine kuhusu ardhi ileile linasikilizwa na kumalizika yeye hayupo. Siku rufaa yake inapoitwa hakuna tena cha kuzuia. Kipeperushi hiki kinaeleza kwa nini hali hiyo hutokea na namna ya kuiepuka. Hakichukui nafasi ya wakili, ila kinakusaidia kujua swali la kumuuliza.

1. Zuio la muda ni nini?

Shauri la ardhi lina sehemu mbili ambazo huchanganywa. Ya kwanza ni shauri la msingi. Hapa ndipo linapoamuliwa swali kubwa: ardhi hii ni ya nani, na nani ana haki ya kuitumia? Ya pili ni maombi madogo yanayokwenda pamoja na shauri hilo. Zuio la muda limo katika maombi haya madogo. Linasema tu, "Hadi shauri liishe, asilime mtu hapa," au "Hadi shauri liishe, lambo lisifukiwe."

Lifananishe na kamba unayomfungia ndama wakati watu wanabishana ni wa nani. Kamba inamzuia ndama asipotee, lakini haisemi mwenye ndama ni yupi. Mwenyewe akishajulikana, kamba imemaliza kazi yake.

2. Baraza linaangalia nini kabla ya kutoa zuio?

Tangu shauri la Atilio dhidi ya Mbowe la mwaka 1969, mahakama na mabaraza ya Tanzania yamekuwa yakipima mambo matatu:

- Je, kuna hoja ya kweli ya kusikilizwa kwenye shauri la msingi, na mwombaji ana dalili ya kushinda?
- Je, bila zuio mwombaji atapata hasara ambayo fidia ya fedha haiwezi kuiponya?
- Je, nani ataumia zaidi: mwombaji akinyimwa zuio, au mwenzake likitolewa?

Mfugaji anayeomba zuio na kusema tu "wananionea" hajajibu hata swali moja. Anayesema "lambo hili ndilo maji pekee ya mifugo yetu kuanzia Juni hadi Septemba, na likifukiwa ng'ombe watakufa kabla shauri halijaisha" amejibu swali la pili na la tatu. Takwimu za mifugo yako na majira ya ukame ni ushahidi. Zipeleke.

3. Zuio lina mwisho wake

Chini ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, zuio la muda hutolewa kwa kipindi kisichozidi miezi 6. Linaweza kuongezwa, lakini jumla isizidi mwaka 1, na anayeomba kuongezewa lazima aonyeshe kwamba anahangaikia shauri lake kwa bidii. Mtu aliyepata zuio kisha akalala atalikuta limekufa.

Lakini likiwa bado hai, liheshimu. Anayekaidi zuio anaweza kukamatiwa mali yake au kuwekwa kifungoni kwa muda usiozidi miezi 6. Kwa mfugaji, mali inayokamatika kirahisi ni ng'ombe. Kama zuio linakukataza kuingiza mifugo mahali fulani, usimtume kijana "apitishe kidogo jioni". Wewe ndiye utakayejibu.

4. Je, naweza kukata rufaa nikinyimwa zuio?

Kwa kawaida sheria hairuhusu rufaa dhidi ya uamuzi mdogo usiomaliza shauri. Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai inasema hivyo kwa mahakama za wilaya, za hakimu mkazi na mabaraza. Mahakama ya Rufani nayo haipokei rufaa ya namna hiyo chini ya sheria inayoiongoza. Sababu yake inaeleweka: kama kila uamuzi mdogo ungepelekwa juu, shauri la msingi lisingefika mwisho.

Kwa hiyo kabla hujauza ng'ombe kwa ajili ya rufaa ya zuio, muulize wakili maswali mawili. La kwanza: mlango huo uko wazi kweli? La pili: hata ukiwa wazi, shauri la msingi litakuwa limefika wapi siku rufaa itakapoitwa?

5. Rufaa inapopitwa na matukio

Mahakama haikai kujibu maswali ambayo jibu lake halitabadilisha kitu. Rufaa ikifika mahali ambapo hata ukishinda hupati chochote cha kukusaidia, wanasheria husema imepitwa na matukio. Kwa rufaa ya zuio, hali hii hutokea hasa kwa njia nne:

(a) Shauri la msingi limeamuliwa. Zuio lilikuwa la "hadi shauri liishe", na sasa limeisha.

(b) Muda wa zuio umekwisha bila kuongezwa.

(c) Kitu kilichotakiwa kuzuiwa kimeshafanyika. Lambo limeshafukiwa, na zuio halirudishi maji yake. Kilichobaki ni kudai fidia au kurudishiwa ardhi, na hayo hudaiwa kwenye shauri la msingi.

(d) Kuna shauri jingine, la baadaye, lililoamua nani akabidhiwe ardhi hiyohiyo, na uamuzi huo umetekelezwa au umebaki bila kupingwa.

Hii ya nne ndiyo inayowaumiza wafugaji wengi. Tuitazame kwa mfano wa kubuni.

Kaya moja imelisha mifugo kwenye eneo lenye lambo kwa miaka mingi. Jirani anaanza kulima eneo hilo. Kaya inafungua shauri na kuomba zuio. Mwezi Julai Baraza linakataa zuio, lakini shauri la msingi linaendelea. Mzee wa kaya anakasirika na kwenda kukata rufaa Mahakama Kuu. Huku nyuma jirani anamuuzia eneo lile mtu wa tatu. Mnunuzi anafungua shauri lake mwenyewe dhidi ya kaya, akidai akabidhiwe ardhi aliyonunua.

Wito unafika nyumbani. Mzee anausoma na kusema, "Mimi niko Mahakama Kuu. Hawa wa chini watanisubiri." Hapeleki utetezi wala hahudhurii. Baraza linasikiliza upande mmoja na kuamua mnunuzi akabidhiwe ardhi. Siku zinapita na mzee hapingi uamuzi ule. Dalali anakuja na amri, uzio unajengwa.

Miezi kadhaa baadaye rufaa ya zuio inaitwa. Mahakama inauliza, "Tukikupa zuio, tumzuie nani asifanye nini?" Jirani hayupo tena pale. Mnunuzi yupo kwa amri ya Baraza ambayo haijapingwa. Zuio la muda haliwezi kuifuta amri hiyo. Rufaa inaondolewa, na huenda mzee akalipa gharama.

Mzee hakushindwa kwa sababu hakuwa na haki juu ya lambo, kwa maana haki yake haikuwahi kusikilizwa. Nguvu zake alizimalizia kwenye kamba, na ndama akachukuliwa.

6. Mashauri ya kweli ya kujifunzia

Loliondo. Vijiji vinne vya Ololosokwan, Oloirien, Kirtalo na Arash vilifungua shauri mwaka 2017 katika Mahakama ya Afrika Mashariki jijini Arusha kuhusu kuondolewa kwa watu na mifugo. Tarehe 25 Septemba 2018 mahakama hiyo ilitoa amri ya muda ya kuzuia watu wasiondolewe na mifugo yao isikamatwe hadi shauri lisikilizwe. Tarehe 30 Septemba 2022 shauri la msingi lilitupwa, kwa hoja kwamba ushahidi haukutosha. Amri ya muda ilikuwa imeegemea shauri hilo, na haikuweza kusimama bila ya shauri. Vijiji havikutumia nguvu kutetea amri ya muda iliyokwisha. Vilikata rufaa dhidi ya uamuzi wa msingi wenyewe, na tarehe 29 Novemba 2023 Kitengo cha Rufani kikautengua na kuamuru shauri lisikilizwe upya. Somo ni kwamba rufaa iliyofufua madai yao ni ile iliyogusa shauri la msingi.

Lohay Akonaay. Januari 1987 baba na mwanawe katika Mkoa wa Arusha walifungua shauri la kudai ardhi yao ya kimila, wakashinda na kurudishiwa. Upande wa pili ulikata rufaa Mahakama Kuu. Rufaa ikiwa bado inasubiri, sheria mpya ilianza kutumika tarehe 28 Desemba 1992. Ilifuta haki za kimila katika vijiji vilivyoanzishwa, ilikataza fidia, na kuamuru mashauri yaliyokuwa mahakamani yakome. Hapa jambo lililotishia kuipita rufaa lilitoka Bungeni. Baba na mwana hawakukaa kusubiri rufaa ile. Waliishambulia sheria mpya yenyewe kwa kutumia Katiba. Mwaka 1994 Mahakama ya Rufani, katika shauri la Mwanasheria Mkuu dhidi ya Lohay Akonaay na Joseph Lohay, ilisema haki ya kimila juu ya ardhi ni mali inayolindwa na Katiba, na kuichukua bila fidia ya haki ni kuvunja Katiba. Somo la kwanza: jambo jipya likitokea, lipinge hilo jipya. Somo la pili linakuhusu hata kama hujawahi kwenda mahakamani: haki yako ya kimila ni mali.

7. Ukipokea wito wa shauri jipya kuhusu ardhi ileile

1. Usiuweke juu ya kabati. Soma tarehe na uhudhurie. Rufaa yako iliyo juu haisimamishi shauri la chini kwa yenyewe, mpaka iwepo amri ya kusimamisha.

2. Peleka utetezi wa maandishi ndani ya muda ulioandikwa kwenye hati ya wito.

3. Liambie Baraza mapema kwamba kuna shauri la awali kuhusu ardhi hiyohiyo, na uonyeshe nakala. Sheria ina njia ya kusimamisha shauri la pili linalogombania jambo lilelile, na njia ya kuunganisha mashauri.

4. Kama shauri ni la watu wengine lakini linagusa malisho yako, omba uunganishwe kama mhusika. Usisubiri nje ukitegemea jirani atakusemea.

5. Kama limeshaamuliwa upande mmoja, usikate tamaa wala usichelewe. Kwa kanuni za Mabaraza ya Ardhi na Nyumba ya Wilaya, unaweza kuomba uamuzi huo utenguliwe ndani ya siku 30, ukieleza sababu ya kutohudhuria.

6. Kama hukuwa mhusika kabisa na dalali amefika kwenye ardhi yako, muulize wakili kuhusu pingamizi dhidi ya utekelezaji, au maombi ya marejeo Mahakama Kuu.

8. Rufaa yenye uhai

Rufaa inayoweza kukurudishia malisho ni ile ya uamuzi wa shauri la msingi. Kutoka Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya kwenda Mahakama Kuu una siku 45. Kwa mkoa wetu Mahakama Kuu ipo Musoma mjini. Omba nakala ya hukumu kwa maandishi siku ileile inayosomwa, na utunze barua yenye mhuri wa kupokelewa.

Rufaa peke yake haimzuii aliyeshinda asitekeleze. Pamoja na rufaa, omba utekelezaji usimamishwe. Usipoomba, unaweza kushinda rufaa wakati lambo limeshageuzwa kuwa shamba.

Kumbuka pia ngazi za kupita. Baraza la Ardhi la Kijiji lina wajumbe 7, na kati yao 3 lazima wawe wanawake. Kazi yake ni kupatanisha. Tangu mabadiliko ya sheria ya mwaka 2021, Baraza la Kata nalo hupatanisha tu, halitoi hukumu ya ardhi. Likishindwa kuwapatanisha, litatoa cheti cha kusema hivyo. Siku 30 zikipita bila suluhu, unaweza kwenda Baraza la Wilaya bila cheti. Kwa shauri dhidi ya serikali au halmashauri, kuna notisi ya siku 90 kwanza. Ukiruka ngazi, shauri linaweza kutupwa, na zuio lililoegemea shauri hilo litaanguka nalo.

9. Mifugo itaishije wakati wa zuio?

Hapa ndipo kazi yetu ya ugani inapoingia. Zuio likifunga eneo moja, mifugo hubanana eneo jingine, na magonjwa hubanana nayo.

- Punguza kundi mapema. Uza madume yaliyokomaa na majike yasiyozaa tena wakati bado wana mwili. Ng'ombe aliyekonda mwezi Septemba hana bei.
- Kabla ya kuhamia kwa ndugu au kijiji kingine, zungumza na uongozi wa huko, upate kibali cha kusafirisha mifugo, na umwambie afisa mifugo wa kata. Homa ya mapafu ya ng'ombe na ugonjwa wa miguu na midomo husafiri na makundi yaliyohama kimyakimya.
- Ongeza uangalifu wa kuogesha. Kundi lililohamia kwenye kupe wapya hupata ndigana kali, hasa ndama. Usikatishe ratiba ya josho kwa sababu ya kesi.
- Usisukume mifugo hifadhini. Kwa walio karibu na Serengeti na mapori ya akiba ya Grumeti na Ikorongo, kushindwa zuio kijijini si ruhusa ya kuvuka mpaka. Huko kuna mbung'o wanaoleta nagana, na mifugo ikikamatwa utakuwa na kesi mbili badala ya moja.
- Tenga kipande cha nyasi cha kiangazi, kama wenzetu Wasukuma wanavyotunza ngitili, na uhifadhi mabua baada ya mavuno.

10. Mali bila daftari huisha bila habari

Kila kaya iwe na bahasha moja isiyoloa maji. Weka humo:

- Hati ya hakimiliki ya kimila, kama unayo. Kama huna, anza kuifuatilia kwenye serikali ya kijiji.
- Nakala ya mpango wa matumizi bora ya ardhi wa kijiji na muhtasari wa Mkutano Mkuu wa Kijiji uliotenga malisho. Malisho yaliyotengwa kwa mdomo ni rahisi kuliwa na jembe.
- Daftari la mifugo: idadi, chanjo, tarehe za josho. Halithibitishi kwamba ardhi ni yako, lakini linaonyesha mifugo yako ilikuwa ikihudumiwa kijijini hapo tangu lini.
- Kila wito, amri na stakabadhi ya Baraza, kwa mpangilio wa tarehe.

Wanawake na vijana wa kaya waijue bahasha hiyo ilipo. Wito ukifika baba akiwa machungani au mnadani, anayeupokea ahakikishe unamfikia siku hiyohiyo.

11. Maswali ya kujadili kwenye kikundi

1. Kati ya zuio na shauri la msingi, lipi linaamua mwenye ardhi?
2. Malisho ya kijiji chetu yamo kwenye mpango wa matumizi ya ardhi? Nani ameuona kwa macho yake?
3. Kama shauri jipya likifunguliwa leo juu ya lambo letu, nani ataupokea wito, na atafanya nini kesho yake?

Kwa kumalizia

Ukiwa na shauri la ardhi, jiulize kila mwezi: shauri la msingi limefika wapi, na kuna shauri jingine lolote limefunguliwa juu ya eneo hili? Ukiweza kujibu maswali hayo mawili, huwezi kukutwa umekumbatia rufaa isiyo na kazi. Kwa asiyeweza kumlipa wakili, Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 inatambua watoa msaada wa kisheria na wasaidizi wa kisheria waliosajiliwa. Ulizia kwenye ofisi ya halmashauri au ya maendeleo ya jamii. Kuhusu chanjo, kibali cha kuhama na ratiba ya josho wakati shauri linaendelea, mwone afisa mifugo wa kata yako kabla hujafungua zizi.